Barua ya wazi kwa Jaji Mkuu: Benki ikiuza nyumba ya Komarock, tubishe hodi mahakama ipi?

Kwa Mheshimiwa Martha Koome,
Jaji Mkuu na Rais wa Mahakama ya Juu ya Kenya

Mheshimiwa,

Nakuandikia kuhusu sentensi moja. Imo katika barua ambazo benki hutuma huku kwetu Komarock mtu anapochelewa kulipa mkopo aliouwekea hati ya nyumba. Barua hiyo si hisani ya benki. Kifungu cha 90 cha Sheria ya Ardhi ya 2012 ndicho kinachoidai, na kinataja hata yatakayoandikwa ndani yake: kosa la mkopaji, kiasi anachodaiwa, muda wa kulipa usiopungua miezi mitatu, na hatua benki itakazochukua muda huo ukiisha. Mwishoni, baada ya tarakimu zote zile za kutisha, barua inatakiwa kumwambia mwenye nyumba kwamba ana haki ya kwenda mahakamani kuomba nafuu.

Mahakamani wapi, haisemi.

Kwa mtu asiyefahamu mambo haya, hilo laonekana jambo la karani. Wakili atajua. Lakini mawakili wenyewe wamekuwa wakikosea, majaji wamekuwa wakipingana, na anayelipia makosa hayo ni yule aliyekuwa akilala ndani ya nyumba. Ndiyo maana sikuiandikia benki. Benki hufuata njia ambayo sheria imeiwekea. Anayeweza kutunyooshea njia yetu sisi ni wewe.

Komarock ni mtaa uliozaliwa na rehani. Nyumba zake nyingi zilijengwa na Kenya Building Society, kampuni tanzu ya Housing Finance, na watumishi wa serikali, walimu na makarani wakazinunua kwa kukatwa mishahara mwezi baada ya mwezi kwa miaka mingi. Waliomaliza kulipa walichukua hati zao, na wengi hawakuziacha zilale kabatini. Hati ilirudishwa benki kuongeza ghorofa ya kupangisha, kununua matatu, kulipa karo ya chuo ng'ambo, au kudhamini biashara ya shemeji. Huku kwetu hati ya nyumba ndiyo mtaji pekee ambao benki huutazama mara mbili. Kwa hiyo mkopo ukiharibika, kinachoingia kwenye kurasa za minada za magazeti huwa ndiyo nyumba yenyewe, pamoja na wapangaji wa juu, duka la mbele na mama mzee wa chumba cha nyuma.

Sasa tumchukulie mwenye nyumba makini, anayesoma. Amepata barua. Anaamini benki imekosea hesabu. Anafungua Katiba ya 2010, Ibara ya 162, na kukuta kwamba Bunge lilitakiwa kuunda mahakama yenye hadhi ya Mahakama Kuu kwa migogoro ya mazingira, matumizi na umilikaji wa ardhi, na hati zake. Anafungua Sheria ya Ardhi, ile ile iliyoagiza aandikiwe barua. Hapo anakuta kwamba sheria hiyo ilipotungwa ilisema "mahakama" maana yake ni Mahakama ya Mazingira na Ardhi, ambayo wengi wetu tunaiita ELC. Marekebisho ya 2016 yaliongeza mahakama nyingine zenye mamlaka juu ya mambo ya ardhi. Masharti yote ya rehani, tangu notisi hadi mnada, yamo ndani ya sheria hiyo. Basi mtu huyu, kwa akili timamu, anakwenda ELC.

Amekosea. Au angalau kuna uwezekano mkubwa kwamba amekosea.

Mwaka 2017, katika kesi iliyohusu Co-operative Bank, Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba mgogoro wa mkopaji na benki juu ya rehani kwa kawaida si mgogoro wa matumizi ya ardhi. Kutumia ardhi, majaji walisema, ni kuutumia uso wake, anga iliyo juu yake au sehemu iliyo chini yake kwa shughuli inayoifaa. Anayeiweka rehani haitumii ardhi kwa maana hiyo. Ametoa dhamana ya deni. Ikiwa ugomvi ni nani anamdai nani na kiasi gani, hilo ni suala la hesabu na mkataba, na mahali pake ni Mahakama Kuu, ambayo kwa Nairobi ni Kitengo cha Biashara na Kodi.

Sisemi uamuzi ule ni wa kipuuzi. Ugomvi mwingi wa rehani kweli ni wa hesabu: riba ilipandishwa lini na kwa notisi gani, adhabu za kuchelewa ziliongezwa kwa kifungu kipi, na je, benki imevuka kikomo kilichowekwa katika Sheria ya Benki mwaka 2007, kinachozuia riba ya mkopo ulioharibika isizidi deni la msingi lililokuwa limebaki? Jaji wa biashara huyajua hayo kuliko jaji anayeshinda akisikiliza kesi za mipaka na vyeti bandia. Shida yangu ni kwamba sheria anayoisoma mkopaji ingali inaitaja ELC kwa jina, ilhali mlango wake umefungwa kwa ndani.

Na ukishakosea mlango, mambo ni mazito. Mwaka huo huo wa 2017 Mahakama ya Juu ilikata shauri la watu ambao rufaa zao za jinai zilisikilizwa Malindi na majaji wawili, mmoja wao akiwa wa ELC. Mahakama ya Juu ilisema mahakama hizi mbili zina hadhi sawa lakini si kitu kimoja, na jaji wa moja hawezi kufanya kazi ya nyingine. Miaka mitano kabla ya hapo, katika kesi ya S. K. Macharia dhidi ya KCB, Mahakama ya Juu ilikuwa imeeleza kwamba mamlaka ya mahakama hutoka katika Katiba au sheria iliyoandikwa, na mahakama haiwezi kujiongezea kwa ufundi wa tafsiri. Kesi ile nayo, kwa ajabu ya mambo, asili yake ilikuwa mkopo wa benki. Na tangu 1989, katika kesi ya meli ya Lillian S, kila wakili nchini amekariri kanuni ya Jaji Nyarangi kwamba mahakama isiyo na mamlaka huweka vifaa chini papo hapo na kuacha kazi.

Vifaa vikiwekwa chini, nyumba hubaki mikononi mwa nani?

Naomba uifuate kalenda nami, maana humo ndimo mtu anamopotelea. Miezi mitatu ya notisi ya kwanza imepita. Benki inatoa notisi ya pili, ya kuuza, siku 40 zisizopungua, chini ya kifungu cha 96. Dalali naye ana notisi yake ya siku 45 chini ya Kanuni za Madalali. Tangazo likishatokea gazetini, mnada hauwezi kufanyika kabla ya siku 14. Ukizijumlisha siku hizi zote unaweza kudhani kuna nafasi tele. Lakini tunajijua. Miezi ya kwanza mtu huitumia kubembeleza meneja wa tawi, kuuza gari, kuitisha mchango wa familia. Wakili hulipwa tangazo likiwa tayari gazetini. Kesi hufunguliwa kwa cheti cha dharura, jaji husoma karatasi, na kutoa amri ya muda kusimamisha mnada mpaka pande zote zisikilizwe. Mwenye nyumba anapumua.

Kisha wakili wa benki anawasilisha pingamizi la awali: mahakama hii haina mamlaka. Pingamizi linasikilizwa baada ya miezi kadhaa, wakati mwingine zaidi. Jaji anakubali. Kesi inafutwa, na amri ya kusimamisha mnada inakufa pamoja nayo, kwa sababu amri haiwezi kuishi kuliko kesi iliyoizaa. Mkopaji aanze upya upande wa pili: ada mpya, kiapo kipya, wakili yule yule aliyekosea au mwingine aliye ghali zaidi. Benki, kwa upande wake, inatakiwa kumpigia simu dalali tu.

Nyundo ya mnada ikigonga kabla hajapata amri nyingine, haki yake ya kuikomboa nyumba imekwisha. Kifungu cha 99 kinamlinda mnunuzi, na aliyeonewa anaambiwa aidai benki fidia. Kifungu cha 97 kinaitaka benki ipate bei nzuri kadiri iwezekanavyo, na bei ikipungua bei ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba wajibu huo umevunjwa mpaka benki ithibitishe vinginevyo. Kinga hizi ni nzuri. Ila mtu hawezi kuzitumia akiwa bado anatafuta chumba cha mahakama cha kuingia.

Hapo nimezungumzia kesi nyepesi. Kuna zile zenye mchanganyiko, na huku mtaani ndizo nyingi. Mke anasema hakutia sahihi ya kukubali nyumba ya ndoa iwekwe rehani, kama kifungu cha 79 kinavyotaka. Je, huo ni ugomvi wa deni au wa haki juu ya ardhi? Ndugu wanasema hati ilibadilishwa jina kwa hila kabla ya kupelekwa benki. Hapo kuna swali la hati, ambalo Katiba yenyewe imeipa ELC, na kuna swali la deni, ambalo Mahakama ya Rufaa imeipa Mahakama Kuu. Majaji wamejaribu kutafuta kipimo. Mwaka 2016 Jaji Joel Ngugi, katika mgogoro wa mauzo ya nyumba, alitumia kipimo cha kuangalia lengo kuu la mkataba ulioleta ugomvi, na wengine wamekifuata. Ni kipimo chenye busara. Tatizo lake ni kwamba jibu hujulikana baada ya jaji kulitoa, ilhali mkopaji anatakiwa kulijua kabla ya kulipa ada.

Na usidhani mgogoro hukaa mahali pamoja. Nyumba ikishauzwa, mnunuzi anayetaka kumtoa mwenyeji wa zamani anazungumzia ukaazi, kwa hiyo anaweza kwenda ELC. Mkopaji anayedai mnada ulikuwa batili yuko Mahakama Kuu. Wapangaji wa ghorofani, ambao hawajui walipe kodi kwa nani, wanaambiwa waende baraza la wapangaji. Nyumba moja ya Komarock, yenye ukuta mmoja na jirani, inaweza kuwa na faili mahali patatu, na kila mmoja akishikilia karatasi yenye muhuri.

Sijataja bado mahakimu. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya 2015 inampa hakimu mkuu uwezo wa kusikiliza madai ya hadi shilingi milioni 20. Mikopo mingi ya mtaa kama wetu haifiki kiwango hicho. Mtu wa Eastlands kama sisi anaona mahakama ya Makadara, kando ya Jogoo Road, kuwa karibu na nafuu kuliko ya Milimani. Lakini akikosea hesabu ya thamani ya madai, au aina ya hakimu, anaangukia uamuzi mwingine wa Mahakama ya Rufaa, wa 2019, uliosema kwamba kesi iliyofunguliwa mahali pasipo na mamlaka haiwezi hata kuhamishwa kwenda mahali sahihi. Hakuna cha kuhamisha, ilizaliwa imekufa.

Hapa ndipo naomba usikivu wako zaidi, Mheshimiwa, kwa sababu Mahakama ya Rufaa hiyo hiyo ilikuwa imeonyesha moyo tofauti mwaka 2013. Ilikuwa kesi ya mhadhiri na Chuo Kikuu cha Kenyatta, iliyofunguliwa Mahakama Kuu ilhali mambo yake yalikuwa ya ajira. Majaji hawakumfukuza mhadhiri. Walipendelea kesi ya namna hiyo ipelekwe kwa mahakama inayofaa, yenye hadhi sawa, ili haki itendeke. Kwa hiyo jaji wa leo anayetaka kuhamisha faili ana uamuzi wa kumwegemeza, na jaji anayetaka kulifuta ana wake. Kati ya kuhamisha na kufuta, tofauti kwa jaji ni aya mbili za uamuzi. Kwa mwenye nyumba tofauti ni nyumba.

Wewe unaijua ardhi kutoka ndani. Ulikaa katika Kitengo cha Ardhi na Mazingira cha Mahakama Kuu, Milimani, kabla ya kwenda Mahakama ya Rufaa mwaka 2012. Wakati ule kilikuwa kitengo tu. Faili lililoingia mahali pasipo pake lilivuka kutoka kitengo kimoja hadi kingine, likaendelea. Tanzania wako hivyo hata sasa: wana Divisheni ya Ardhi na Divisheni ya Biashara, lakini zote mbili ni viungo vya Mahakama Kuu moja, kwa hiyo kutokubaliana kuhusu mlango si lazima kuiue kesi yote. Sisi tulichagua mahakama mbili kamili, na sababu zilikuwa nzuri, maana kesi za ardhi zilikuwa zimeozea mashelfuni. Tulichosahau ni ngazi ya kuvukia kati yao. Jambo hili linachekesha kidogo ukikumbuka kwamba zote mbili husikiliza kesi zao Milimani, na tangu Julai 2020 kesi za Nairobi hufunguliwa kwa mtandao.

Benki zina lao pia, na ni haki kulisema. Pesa zinazokopeshwa ni akiba za watu wengine, na wakopaji wapo wanaofungua kesi kwa nia ya kula muda tu; mmoja akishindwa kitengo cha biashara, anaibukia ELC na mke kama mlalamikaji, kisha mwanawe. Nimewasikia wakisifiwa kwa ujanja huo kwenye vibanda vya nyama choma. Lakini ujanja huo unalelewa na mahakama kuwa mbili zisizosemezana. Faili moja linalohama na historia yake yote lingewabana wajanja hao zaidi kuliko wakweli.

Najua huwezi kugawa mamlaka kwa waraka. Kesi ya Macharia ilifunga njia hiyo. Lakini maelekezo ya utendaji unaweza kuyatoa, kama yalivyotolewa Julai 2014 kuhusu kesi za ELC. Agiza kwamba kila kesi inayohusu uuzaji wa nyumba iliyowekwa rehani, ikifika kwa cheti cha dharura katika mahakama yoyote kati ya hizo mbili, swali la mamlaka liulizwe siku ile ile ya kwanza, na jaji mwenyewe, bila kungoja pingamizi la benki, na lijibiwe ndani ya siku 14. Jibu likiwa "si hapa", faili livuke siku hiyo badala ya kufutwa, kwa kufuata njia iliyofunguliwa mwaka 2013, na jaji anayelipokea aamue upya kama mnada usimame. Ada iliyokwisha kulipwa isilipwe tena.

Kuna lisilowezekana bila Bunge. Ili amri ya kusimamisha mnada iendelee kuishi kwa siku chache wakati faili linavuka, na ili mjadala wa 2013 na 2019 uishe kabisa, panatakiwa kifungu kimoja kifupi katika Sheria ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi ya 2011, na pacha wake katika Sheria ya Mahakama Kuu ya 2015. Mbunge wetu wa Embakasi ya Kati anaweza kuupeleka mswada, lakini ukitoka kwake peke yake utaonekana kilio cha wadaiwa. Ukiwa na barua yako nyuma yake, utasomwa.

Na kuna jambo dogo lisilohitaji jaji. Kanuni zinaweza kuitaka notisi ya kifungu cha 90, pale inapomwambia mwenye nyumba kwamba ana haki ya kwenda mahakamani, itaje jina la mahakama na mahali ilipo, kwa Kiswahili na Kiingereza. Benki ina mawakili kwenye mshahara, ilazimike kuchagua. Na benki ikishaandika Mahakama Kuu, au ikishaandika ELC, basi isisikilizwe baadaye ikifika mbele ya jaji kulalamika kwamba mkopaji amekwenda kule kule ilikomwelekeza, isipokuwa kuomba faili lihamishwe.

Wako,
Mkazi wa Komarock, Nairobi